Twiga Adai Kapu Litundikwe Juu

Twiga alimchumia Fisi zambarau miaka saba, mpaka shingo yake ikakakamaa, asiweze tena kuinama kuzitia kwenye kapu lililokuwa chini.

"Nenda zako nyumbani," Fisi alimwambia. "Hapa ni kazini, si hospitali."

"Kuchuma naweza, bwana. Nitundikie tu kapu mtini."

"Nikianza na wewe, kesho kila mmoja atakuja na lake!"

Machozi yalimlenga Twiga, akayazuia. "Shingo hii imeharibikia kazini kwako. Siondoki."

Akasimama palepale. Nyani, wachumaji wenzake, wakashuka mitini wakaketi miguuni pake. Zambarau zikaanza kuoza.

Siku ya tatu Fisi aliukwea mti mwenyewe, akalitundika kapu huku akihema.

"Haya, umeridhika?"

"Bado," Twiga alijibu. "Nyani mmoja hapa amepooza mkono, anahitaji kamba ya kushikilia. Usishuke kwanza."