Macho ya Kwotabeki

“Haya, anamtazama tena!” Lambert alinong’ona, na Biblia ikamponyoka.

Ibada ilikuwa katikati. Gaël alikuwa amekaza macho upande wa kwaya, alikosimama Falonne, binti pekee wa Lambert. Clémentine, dada mdogo wa Lambert, aliiokota Biblia akamrudishia kimya kimya.

Kanisa zima la mtaa wa La Rochelle, Johannesburg, lilimpenda Gaël. Mtoto wa Bukavu aliyekulia Marekani, akacheza mpira wa kule, ule wa kuvaa helmeti na kuangushana, mpaka timu kubwa ikamwajiri. Alikuwa kwotabeki, yule anayeshika mpira na kuamua amrushie nani. Goti lilipomharibikia wakamwacha, akahangaika timu ndogo ndogo, wakamwacha tena. Sasa alikuwa hapa mjini, akifundisha vijana mchezo huo kwenye kiwanja kimoja cha Braamfontein.

Lambert hakumwamini hata kidogo. Mwanamume wa makamo, hana mke, kaja kutafuta nini huku? Falonne alikuwa bado chuoni. Tangu mama yake afariki, Lambert alikuwa na hofu moja tu: kwamba atatokea mtu amchukue, ampeleke mbali, na nyumba ibaki kimya. Hofu hiyo ilimnyima usingizi.

Akamwalika chakula ili ampime.

“Hasa kazi yako ilikuwa nini kule?”

“Kudanganya, yaya,” Gaël alicheka. “Wapinzani wanafuata macho yangu. Nikitazama huku, wote wanakimbilia huku, mimi narusha kule.”

“Kumbe wewe ni mwongo wa kuajiriwa.”

Falonne alicheka mpaka akapaliwa. Lambert hakuona cha kuchekesha. Na hilo la kumwita yaya, kaka mkubwa, kama alivyoitwa na Clémentine! Anayemmezea mate binti yako si angekuita papa, kwa heshima? Marekani imemharibu huyu.

Clémentine akaleta ugali na sambaza, dagaa wa Ziwa Kivu. Gaël alishukuru macho yakiwa kwenye sahani. Lambert alichukia. Dada yake alimwacha mchumba Bukavu akaja kumlea Falonne. Miaka yote hiyo ndiye aliyewapikia. Angalau angetazamwa usoni na mtu anayekula chakula chake.

Mara Falonne akaanza kwenda kiwanjani kila Jumamosi.

“Najifunza mchezo tu, papa. Sharp, sawa?”

Mchezo! Lambert hakuzaliwa jana. Akamfuata dada yake jikoni.

“Utakwenda naye. Usibanduke. Wakikaa, wewe kaa katikati. Huyo bwana akiwa na neno, akuambie wewe kwanza.”

“Kila Jumamosi, yaya? Na nani atapika?”

“Nitakula mkate.”

“Eish.” Clémentine alifuta mikono polepole. “Haya, kama ndivyo unavyotaka.”

Basi akawa anakwenda. Jioni akirudi, Lambert alimhoji kama polisi. Walikaa wapi? Walisemeshana?

“Nilikaa katikati, kama ulivyosema. Falonne hakupata hata nafasi ya kumsalimia.”

Lambert akaanza kulala vizuri. Kwa shukrani, siku moja alimwita dada yake kwenye cherehani yake kule Doornfontein, akampima, akamshonea gauni la kitenge cha kijani.

“Kikulacho ki nguoni mwako,” alimwambia, mkasi mkononi. “Anakula mezani petu, kumbe ana lake moyoni. Ila kwako amekwama.”

Clémentine aliuliza kama gauni litakuwa tayari kabla ya Jumamosi.

Ndipo habari ikaja: wazee wanakuja Jumapili, wametumwa na Gaël. Kuposa! Ulinzi wote ule, na bado?

Jumapili walifika, mzee Elisée wa kanisani mbele, Gaël nyuma na suti yake. Falonne aliwapa soda huku akitabasamu. Lambert hakungoja wafungue vizibo.

“Mzee, nisamehe, lakini jibu ni hapana. Mnataka kunichukulia mtu wangu, halafu nyumba hii nibaki na nani? Falonne haolewi!”

Mzee Elisée aliwageukia wenzake, kisha akamgeukia Lambert.

“Falonne? Na nani kakuambia tumemfuata mtoto?”

Kwa mara ya kwanza ndani ya nyumba ile, Gaël aliinua macho, akayapeleka moja kwa moja kwenye mlango wa jikoni. Pale alisimama Clémentine, amevaa lile gauni la kijani alilomshonea Lambert kwa mikono yake mwenyewe.