Simu kutoka Vienna

Oldřich Kudrna aliuawa mapema, kama kila Jumapili mchana. Wenzake wakamburuta miguu hadi nyuma ya pazia, na alipokwisha kutoka machoni mwa watazamaji, akainuka, akajipangusa vumbi, akakimbilia simu.

Simu ilikuwa ndani ya kibanda cha mlinzi, kwenye mlango wa wasanii. Mlinzi, bwana Šimůnek, alipomwona anakuja na damu ya rangi shingoni, alichukua kofia yake.

"Leo umekufa vizuri, mzee Olda. Kishindo kimefika mpaka huku."

"Nimeangukia kiwiko, ndugu yangu. Kufa kwenyewe hakuumi."

"Haya, mimi navuta sigara moja. Ukichelewa, mbili."

Mlango ulipofungwa, Oldřich alipiga namba ya nyumbani kwake, hapo hapo Brno, mitaa michache tu kutoka ukumbini. Akabana pua, akawa mwanamke mchovu wa kuunganisha simu, mwenye lafudhi ya Kijerumani.

"Brno? Vienna wanawaita. Ongeeni."

Akakwaruza kidogo mdomo wa simu kwa ukucha, ili umbali usikike. Kisha akawa kijana.

"Mama? Mimi Radim."

"Mwanangu!" Draha alikuwa ameinua simu kabla haijalia mara ya pili. "Baba yako amekukosa tena. Yuko kazini."

"Huyo naye! Bado wanamuua?"

"Kila Jumapili, masikini."

Wakacheka wote wawili.

Maisha yake yote Oldřich alikuwa mtu wa pembeni. Jukwaani na kwenye filamu alikuwa tarishi, padri wa kijiji, askari mlevi, mhudumu wa hoteli. Kwenye tramu watu walimsonta kidole: "Si wewe uliyemmwagia waziri supu?" Jina lake hawakulijua. Lakini akimsikia mtu mara moja tu, sauti ya mtu huyo ilikuwa yake. Mkurugenzi mmoja aliwahi kumwambia, "Wewe Kudrna una watu mia kooni, ila shujaa hayumo." Alicheka pamoja na wengine, akaenda kuvaa kofia ya tarishi.

Radim alikuwa mtoto wa pekee wa Oldřich na mkewe Draha. Vuli moja, serikali ikiwa imeshafunga mipaka watu wasitoke, aliondoka nyumbani na mkoba mdogo, akamnong'oneza mama yake kwamba akifika Austria atapiga simu. Siku chache baadaye, wanaume wawili wa usalama, wenye makoti ya ngozi, waliingia katika chumba cha kuvalia. Kijana alizama katika mto Dyje, pale mpakani, walisema, bado kidogo afike ng'ambo. Ameshazikwa huko huko. Na kama mzee anaipenda kazi yake, asiitangaze habari hiyo.

Jioni ile Oldřich alitakiwa kuchekesha. Alichekesha. Aliporudi nyumbani alimkuta Draha amevuta kiti karibu na simu, mkono kifuani, juu ya moyo ule ambao daktari alikuwa ameshautilia shaka.

"Atapiga tu," alisema. "Namjua. Akifika atapiga."

Oldřich alifungua mdomo amwambie. Akamuuliza kama amekula. Jumapili iliyofuata, akapiga yeye.

Alikusudia iwe mara moja. Lakini Draha alilala usingizi mzima usiku ule, na asubuhi akaoka mkate wa zabibu, akiimba jikoni. Basi Radim akapata kazi kwa seremala mmoja huko Vienna. Akapata chumba chenye dirisha la mtaani. Akapata mchumba, akagombana naye, wakapatana. Miaka ikapita hivyo. Draha hakuuliza hata siku moja atarudi lini, wala hakuomba picha, na Oldřich alishukuru kimoyomoyo.

Sasa koo lilikuwa limemgeuka. Ni uvimbe, walisema madaktari. Jumanne watamfanyia upasuaji, na wakiuondoa uvimbe wataondoka na sauti yote. Draha ndiye aliyempangia nguo za hospitali, akizikunja na kuzikunjua. Kwa hiyo leo Radim alipaswa kwenda mahali pasipofika simu.

"Sauti imekukauka, mwanangu."

"Mafua tu, mama. Huku kuna baridi." Akameza mate, yakapita kama kaa la moto. "Mama, nimepata kazi Australia. Ndani kabisa, kwenye mashamba ya kondoo. Simu hakuna. Huenda usinisikie tena kwa muda mrefu."

Akangojea kilio. Maneno ya kumtuliza alikuwa ameyafanyia mazoezi mbele ya kioo, wiki nzima.

Kilio hakikuja. Nyuma ya ukuta, watazamaji walikuwa wakimcheka mtu mwingine.

"Huko nasikia kuna joto," alisema Draha mwishowe. "Afadhali. Hutatetemeka tena."

"Ndiyo, mama. Nisalimie baba."

"Ngoja, usikate." Akavuta pumzi. "Alikuja mwanamke mmoja kutoka kijiji cha kule mtoni, mwaka ule ule alioondoka. Yeye ndiye aliyemwosha mwanangu kabla hajazikwa. Alinieleza pa kupeleka maua. Nilitaka kukwambia siku ile ile, ukirudi tu kutoka kazini, lakini ilikuwa Jumapili, na simu ikalia."

Oldřich akaishika simu kwa mikono miwili.

"Radim nimeshamsikia vya kutosha, Olda," alisema mkewe. "Hizi siku mbili zilizobaki, zungumza nami kwa sauti yako."