Kofia ya Mleta Habari

Kwa miaka ishirini na mitatu, katika filamu na tamthilia, Shekue alipewa sehemu ile ile: kubisha hodi, kuvua kofia na kusema, "Kaeni chini kwanza." Kisha hakuonekana tena. Kulia waliachiwa wahusika wakuu.

Asubuhi hiyo majirani walimtuma kwa Bi Mosi, ambaye mwanawe alikuwa amefia kiwandani alfajiri.

"Nenda wewe," walimwambia. "Umezoea."

Bi Mosi alifungua mlango, mikono imejaa unga. Alipomwona akaangua kicheko.

"Kaka Shekue! Leo umekuja kuniigizia mimi? Haya, yaseme basi yale maneno yako."

Shekue alisogea hatua moja, kofia ikiwa bado kichwani.

"Na mbona kofia huvui?"

Akaivua. Mbele ya kamera aliishika kwa mkono mmoja tu, kifuani. Leo aliishika kwa yote miwili, na bado ikamponyoka.

Bi Mosi akainama kuiokota, akicheka bado. Alipomrudishia, akamtazama usoni. Hakuiachia. Vidole vyake vya unga vilizidi kuibana ile kofia.