Kipande Kisicho na Namba

Pikipiki ilibisha hodi tena, pale pale kwenye kona.

Ngo, ngo, ngo. Kwa upole, kama mgeni asiyetaka kuamsha nyumba nzima.

Fundi cherehani alisimama, akateremka, akaikagua. Hakuna kilicholegea. Furushi la sare za shule lilikuwa limekaa sawasawa nyuma ya kiti. Mbele yake ulikuwa ule ukingo wa barabara ambako mwaka jana, jua likizama, mumewe aligongwa kwa nyuma akiwa juu ya baiskeli. Aliyemgonga hakusimama, wala hakujulikana mpaka leo.

"Baba watoto," alinong'ona, akajiona mjinga. "Unataka nini?"

Hakuwa mwanamke wa kuogopa vivuli. Lakini njia yote ilikuwa kimya isipokuwa mahali pawili: kwenye kona hii kali ya kushoto, na nyumbani, akikunja usukani kuingia langoni. Pale alipofia mtu, na pale alipoishi. Watoto walishaanza kusema baba anarudi na mama kila jioni. Mdogo wao alikuwa hataki tena kulala peke yake.

Kuirudisha pikipiki asingeweza. Sare zingebebwa na nini? Kichwa? Ilibidi ajue kinachobisha.

Pikipiki yenyewe alipewa bure na shemeji yake, mdogo wa marehemu, muda mfupi baada ya mazishi. Alikuwa ameipamba kama bibi harusi: rangi mpya, kiti kipya, kioo kipya cha taa ya mbele. Alimkabidhi ufunguo kwa mikono miwili.

"Mimi na barabara basi, shemeji. Kifo cha kaka kimeniondolea hamu."

Na kweli, tangu siku ile alikuwa mtu wa miguu, jua liwake, mvua inyeshe. Kila Jumamosi alikuja na mkate kuwajulia hali watoto. Majirani walisema ndugu wa namna ile hazaliwi mara mbili.

"Kitabu chake kiko wapi?" fundi cherehani alimuuliza Jumamosi moja. "Kile cha matengenezo."

"Panya walikila. Cha nini?"

"Inagonga."

"Ikigonga niite, nitaipeleka kwa fundi wangu. Usiifungue, shemeji. Pikipiki si cherehani."

Maneno hayo yalimkera kuliko hata kule kugonga. Cherehani yake alikuwa akiifungua mwenyewe miaka yote, skrubu kwa skrubu, kitabu kikiwa kimefunguliwa kando ya mkasi. Mashine ni mashine. Kama kuna aliyeiunda, kuna aliyeandika inavyofunguliwa.

Alitafuta kwenye simu. Kitabu cha kwanza kilikuwa kwa lugha yenye herufi kama nyayo za kuku. Cha pili kilikuwa na jina sawa lakini injini ya zamani, babu wa hii. Mwishowe alikwenda kwa muuza vitabu chakavu nyuma ya stendi, akamwonyesha picha.

"Mama, kitabu hiki watu hukitafuta pikipiki ikishakuwa ndoo ya nati," alisema muuzaji. "Wewe umewahi."

"Mimi nakitaka kabla ya ndoo."

Muuzaji alicheka, akachimba chini ya lundo la magazeti ya mitindo ya nywele, akatoa kitabu kisicho na jalada, kila ukurasa una alama ya dole gumba la oili.

"Mwenyewe alikuwa msafi, kama unavyoona."

Jumamosi iliyofuata aliwapeleka watoto kwa bibi yao. Akatandika kitambaa uani, akaenda stoo kuchukua spana za marehemu. Ilibidi ainame chini ya baiskeli iliyotundikwa ukutani, gurudumu la nyuma limepinda kama sahani iliyokaliwa. Tangu iletwe kutoka kwenye kona ile hakuna aliyeigusa. Na yeye, kusema ukweli, hakuwahi kuitazama vizuri.

Alifuata kitabu. Kila alichokifungua alikilaza kitambaani kwa mpangilio wa namba za mchoro, kama vipande vya gauni kabla ya kushonwa. Waya za breki, nzima. Vioo vya pembeni, vizima. Akakunja usukani kushoto.

Ngo, ngo, ngo.

Akatega sikio. Sauti ilitoka ndani ya taa ya mbele.

Akageuza ukurasa, akafungua skrubu mbili, kioo kikatoka. Kwenye bakuli la taa, katikati ya nyaya, kitu kiliteleza kikagonga chuma.

Alicheka peke yake uani. "Kumbe hodi yenyewe ndiyo wewe!" Wafu hawana kosa. Leo watoto watalala.

Alikimimina kiganjani. Kipande cha plastiki nyekundu, kikubwa kuliko ukucha, chenye vijichumba kama sega la asali, kimevunjika upande mmoja. Akakitafutia namba. Mchoro wa taa haukuwa nacho. Sehemu zake zote zilikuwa tayari kitambaani. Akatazama taa ya nyuma: nzima, haina hata ufa. Akapekua kitabu ukurasa hadi ukurasa. Hakikukijua.

Akakiinua juani. Kikang'aa.

Fundi cherehani aliacha kucheka. Aliinuka, akatembea polepole hadi stoo, akasimama mbele ya baiskeli. Chini ya tandiko, juu ya madigadi ya nyuma, kioo chekundu cha kuakisi mwanga kilikuwa kimebaki nusu. Alipeleka kipande kwenye pengo. Kiliingia kama kifungo kwenye tundu lake.

Nje, langoni, mtu alibisha mara tatu, kwa upole.

"Hodi, shemeji," sauti ilisema, ikiingia uani. Nyayo zikafika kwenye kitambaa. "Mbona umeifungua?"