Peremende Nyeusi

Peremende ya kwanza ilikuwa imeshaingia mdomoni mwa baba yake, ndipo Ingelise alipouona mfuko wa chumvi dirishani, haujafunguliwa. Sukari ameichemsha yeye, na chumvi ameisahau.

Katika duka lao pale Ribe, mji wa Kidenmaki, peremende za mnanaa na zile nyekundu hazikuhitaji ruhusa ya mtu. Lakini nyeusi za chumvi haziingii kwenye chupa mpaka mzee azionje. Ndivyo ilivyokuwa tangu enzi za babu yake.

Mzee alifumba macho. Peremende ikagonga meno yake ya bandia, upande huu, kisha upande ule.

Ingelise akangoja kufokewa.

"Eh!" mzee akasema, akijifuta masharubu. "Leo umeitia chumvi ikakolea kweli, mwanangu. Mswidi akiila hii atamlilia mama yake."

Mlangoni wateja wa kwanza walikuwa wakijipangusa viatu.

Ingelise akachukua moja, akaimumunya. Ilikuwa tamu tupu, kama ya kumbembelezea mtoto.

"Imekolea, Baba," akasema, huku mkono wake ukiuficha mfuko chini ya aproni.