Viatu Vizima vya Nyamizi

Mwaka ule Nyamizi, fundi cherehani, alipotaka kukopa aongeze vyerehani, jirani yake Shomari, fundi viatu, alimwonyesha kibanda chake kilivyofurika kazi.

"Dada, subiri kwanza. Mji mzima unatia viraka viatu vya zamani. Vyuma vitakaza, pesa itaadimika."

Akasubiri. Vyuma vikakaza kweli. Mafundi waliokopa walinyang'anywa vyerehani vyao, chake kikabaki.

Leo asubuhi alimkuta Shomari amekaa bure, kibanda kitupu, uso umemchangamka.

"Sasa kanunue, dada! Watu wameanza kuvaa viatu vipya."

Nyamizi akakitazama kile kibanda. Neema yake yeye ilikuwa ukame wa mwenzake. Akavua viatu vyake, akavitua mbele ya Shomari.

"Nibadilishie soli, kaka."

Shomari akavigeuzageuza. "Mbona bado vizima? Utaniharibia kipimo changu cha hali ya mji!"

"Acha kiharibike."

Shomari akacheka, akaviweka pembeni, mbali na rafu ya wateja, kisha akaokota nyundo. Nyamizi akashika njia kwenda kununua cherehani, miguu peku, watu wakigeuka kumtazama.