Mjusi na Mama wa Kiwavi

Anayetaka kubisha abishe sasa hivi, maana mimi nikianza sisimami. Palikuwa na jani la mgomba pana sana, hata jua likilivuka lilikuwa linachoka katikati, linalala kidogo. Juu yake aliishi Mjusi, bingwa wa kuwatambua wadudu. Desturi ya hapo ilikuwa hivi: humli mdudu mpaka umtajie mama yake. Ukikosea, unamwacha aende zake.

Adhuhuri moja, kila kitu kinasinzia, hata upepo, akapita Kiwavi, mnene kama gunia la mpunga.

"Simama hapo, chakula!" Mjusi akasema.

"Shikamoo, mjomba. Haya, mama yangu nani?"

Mjusi akacheka mpaka mkia ukamtoka, ukaota mwingine.

"Hilo nalo swali? Mrefu, miguu kibao, anatambaa. Mama yako Jongoo!"

"Umekosa, mjomba. Na usitikise kichwa, utamwamsha."

"Nitamwamsha nani?"

"Mama. Amekulalia utosini tangu asubuhi."

Mjusi akainua macho taratibu. Kipepeo wa samawati alikuwa anafungua mbawa kama mtu anayepiga miayo.

"Huyu? Akuzae wewe?"

"Nimemzaa mimi," Kipepeo akajibu kwa sauti ya usingizi. "Hata mimi nilikuwa hivyo hivyo. Mpishe mwanangu."

Mjusi akampisha. Kiwavi akampitia mbele ya pua, polepole kama ndoto, mguu mmoja, halafu mwingine, halafu mwingine, na mpaka jioni alikuwa bado anapita.